Saba Simba: Nani Hutunga Mieleka ya Televisheni?

Wako watu wengi, na miongoni mwao wamo walimu, ambao wanafunzi wakiwauliza habari za mieleka ya kulipwa inayoonyeshwa katika televisheni, hujibu kwa neno moja tu: uongo. Wakishatamka neno hilo huona wamemaliza kazi. Mwanafunzi naye, ambaye jana usiku alimwona kwa macho yake mtu mzima wa kilo mia moja na zaidi akibwagwa chini kwa kishindo, huondoka na moja katika mambo mawili. Ama humwona mwalimu wake kuwa hajui anachokisema, ama hujifunza kwamba kitu kikishaitwa uongo hakina haja ya kuchunguzwa tena. Mambo yote mawili ni mabaya, na hilo la pili ni baya zaidi.

Madhumuni ya makala hii ni kulipinga jibu hilo. Kwa maoni yangu, kuuliza kama mieleka hiyo ni ya kweli au ya uongo ni kuuliza swali ambalo halimsumbui mtu yeyote mwenye mamlaka. Swali linalopasa kuulizwa ni hili: ni nani aliyeamua? Ni nani aamuaye nani ashinde na nani ashindwe, nani awe steringi na nani awe adui, nani apewe maneno ya kusema na nani akae bubu? Maamuzi hayo hufanywa nyuma ya pazia na watu wachache, na gharama zake hulipwa mbele ya pazia na watu wengine. Sisi wasemaji wa Kiswahili hatuwezi kujifanya kwamba jambo hili ni la Wamarekani peke yao, maana lugha yetu na jina la nchi jirani vimekwisha kutumiwa katika maamuzi hayo bila ya sisi kuulizwa.

Kwanza yatupasa kujua jinsi mchezo huo unavyotengenezwa. Katika kampuni iliyo kubwa kupita zote, yaani WWE ya Marekani, ambayo hadi mwaka 2002 ilijulikana kwa jina la WWF, kisa huanzia katika chumba cha waandishi. Humo hukaa watu wanaolipwa kutunga: huamua uadui uzuke baina ya nani na nani, uendelee kwa majuma mangapi, usaliti utokee lini, na mkanda wa ubingwa umwendee nani. Karatasi zao hupelekwa kwa mkuu mwenye kauli ya mwisho, naye huzikubali, huzifuta, au huzibadilisha hata saa chache kabla ya matangazo. Siku ya pambano, wanamieleka wawili huelezwa nani atashinda na kwa njia gani. Sehemu ya katikati huipanga wao wenyewe, wakisaidiwa na mtu ambaye mara nyingi ni mwanamieleka mstaafu. Na mengine huyabuni papo hapo ulingoni, wakinong'onezana huku wameshikana, kwa kufuata joto la hadhira. Mwamuzi mwenye shati la milia haamui mshindi. Kazi yake kubwa ni kupeleka ujumbe: sikioni ana chombo kidogo cha kusikilizia, na kwa chombo hicho huambiwa dakika zimebaki ngapi na lini wapiganaji wamalize. Mtangazaji anayeonekana kushangaa naye huelekezwa vivyo hivyo.

Je, kutungwa huko ni kosa? La hasha. Sanaa zote za maonyesho hutungwa. Fanani wetu wa ngano, kabla hajaanza kutamba, huwaita wasikilizaji wake, nao humwitikia wakiualika uongo uje ili utamu ukolee. Hatujapata kumsikia mtoto aliyelalamika kwamba amedanganywa kwa kuwa sungura hasemi. Fanani na hadhira wamekwisha kupatana tangu mwanzo. Mfaransa Roland Barthes alilieleza jambo hili katika kitabu chake Mythologies cha mwaka 1957, alipoonyesha kwamba mieleka ya namna hii si mashindano bali ni tamasha, na kwamba mtazamaji wake hatafuti kujua nani ana nguvu zaidi, bali hutaka kuona mateso, haki na kisasi vikiwekwa wazi mbele yake.

Wala kutungwa hakumaanishi kwamba mwili hauumii. Ulingo ni mbao juu ya vyuma, na godoro lake ni jembamba. Tarehe 28 Juni 1998, mjini Pittsburgh, mwanamieleka Mick Foley aliangushwa kutoka juu ya kizimba cha waya chenye kimo cha karibu mita 5. Anguko hilo lilipangwa. Muda mfupi baadaye alipanda tena, na paa la kizimba likafumuka chini yake, akaanguka hadi ulingoni. Anguko hilo la pili halikupangwa na mtu. Mwalimu anayejibu kwa neno "uongo" na amweleze mwanafunzi wake ni lipi kati ya maanguko hayo mawili ambalo halikuuma.

Basi tofauti ya fanani wetu na kampuni ya mieleka haiko katika kutunga. Iko katika mahali anapokaa mtungaji. Fanani yu mbele ya hadhira yake. Anajulikana kwa jina na kwa ukoo, na akitia chumvi kupita kiasi hukosolewa papo hapo. Mtungaji wa mieleka kwa miaka mingi alijificha, na ufichaji huo wenyewe ulikuwa na kanuni na jina, keifebi. Walimwengu waliambiwa kwamba kanuni hiyo inalinda utamu wa mchezo. Historia yaonyesha kwamba kilicholindwa zaidi ni mamlaka ya mwenye mali.

Tuchukue mfano. Mwaka 1948, katika mji wa Waterloo, jimbo la Iowa, waandaaji kadhaa wa mapambano waliunda umoja ulioitwa National Wrestling Alliance. Wanachama waligawana miji kama watu wagawanavyo mashamba, kila mmoja na eneo lake, na bingwa wa dunia wa umoja huo alipatikana kwa uamuzi wa waandaaji walioketi mezani. Tena bingwa huyo alitakiwa kuweka fedha za dhamana, ili siku atakapoamriwa kuuachia mkanda asije akakataa. Mwaka 1956 serikali ya Marekani iliubana umoja huo kwa sheria za kupinga ukiritimba, nao ukalazimika kutia sahihi makubaliano ya mahakama. Hebu tulitafakari jambo hilo. Mtu aliyetangazwa kwa umma kuwa mwenye nguvu kupita wote duniani alikuwa amewekewa dhamana kama mpangaji wa chumba.

Tazama pia jinsi siri hiyo ilivyolindwa, na jinsi ilivyoachwa. Tarehe 28 Desemba 1984, katika ukumbi wa Madison Square Garden mjini New York, mwandishi wa televisheni John Stossel alimwambia mwanamieleka David Schultz kwamba yeye anadhani mchezo huo ni uongo. Schultz alimzaba makofi mawili ya masikio, mwandishi akaanguka, na jambo hilo likafika mahakamani. Haikupita miaka mitano, na mnamo Februari 1989 kampuni ya WWF yenyewe ililiambia Baraza la Seneti la jimbo la New Jersey kwamba mieleka yake ni burudani, wala si mashindano halisi. Kwa nini ilisema hivyo? Ilitaka kuondokana na usimamizi wa tume ya michezo na kodi zilizoambatana nao. Kweli ile ile iliyompatia mwandishi makofi mwaka 1984 ilitamkwa kwa hiari mwaka 1989, ilipoonekana kwamba ina faida ya fedha. Mwanamieleka aliilinda siri kwa mikono yake, na mwenye mali akaiuza kwa kalamu. Kwa hiyo mwalimu anayesema "ni uongo" hafichui kitu. Anarudia maneno ambayo kampuni imekwisha kuyasema yenyewe kwa manufaa yake.

Sasa tuingie katika maamuzi yanayotugusa sisi. Mwaka 1982, mjini Memphis, waandaaji Jerry Jarrett na Jerry Lawler walimpokea kijana mmoja mnene, mrefu, mweusi, aliyeitwa James Harris. Alikuwa mzaliwa wa jimbo la Mississippi. Wakaamua awe Mwafrika. Walimpaka rangi usoni na mwilini, wakamvua viatu, wakamtia mkuki mkononi na kinyago usoni, na wakamtangaza kuwa ni mla watu kutoka Uganda, aliyekuwa mlinzi wa Idi Amin. Picha zilizodaiwa kuwa za msitu wa Afrika zilipigwa katika shamba huko Tennessee. Ndivyo alivyozaliwa Kamala, Jitu la Uganda, ambaye baadaye alionyeshwa na WWF kwa mamilioni ya watu.

Amin aling'olewa Kampala mwezi Aprili 1979. Wakati Waganda walipokuwa wangali wakiwatafuta jamaa zao waliopotea, na wakati nchini Tanzania familia zilipokuwa zingali zikiwalilia vijana wao waliokufa katika vita vile, jina la dikteta yule lilikuwa limekwisha kuwa pambo la kuuzia tikiti. Wala si hilo tu. Kamala hakupewa maneno ya kusema. Aliongozwa na mtu aliyejifunika uso na kuvaa kofia na mavazi ya mkoloni wa kuwinda wanyama. Akimwangusha mpinzani wake, alifanywa asijue hata kumlaza chali ili apate ushindi. Humlaza kifudifudi, hadi mkoloni wake amwelekeze, na watu wakacheka. Katika utamaduni wetu mpiganaji hujigamba. Majigambo ni sehemu ya ushujaa wake, na katika mieleka ya televisheni pia, mwanamieleka huinuka katika daraja kwa ufundi wake wa kusema. Kumnyima mtu maneno katika mchezo unaoendeshwa kwa maneno ni kumwekea mpaka ambao misuli haiwezi kuuvuka. Mpaka huo uliwekwa na waliomtunga kabla Harris hajakanyaga ulingo hata mara moja kwa jina la Kamala.

Mwaka 1990 ulifika uamuzi mwingine, na huu uligusa lugha yenyewe. Tony Atlas, mzaliwa wa Virginia, hakuwa mgeni katika WWF. Mwaka 1983 yeye na Rocky Johnson walikuwa wanaume weusi wa kwanza kushika pamoja mkanda wa timu za watu wawili katika kampuni hiyo. Watazamaji walimjua kwa sura na kwa jina. Hata hivyo aliporudi mwaka 1990 aliletwa ulingoni akiwa na mkuki, ngao na pambo kubwa la kichwani, akacheza ngoma isiyo ya kabila lolote, na akatangazwa kwa jina la Saba Simba. Mtangazaji mmoja, Roddy Piper, alicheka hewani na kumtambua kuwa ni yule yule Atlas.

Kila mwanafunzi wa shule ya msingi anajua kwamba katika Kiswahili nomino hutangulia na idadi hufuata. Twasema simba saba, kama tusemavyo vitabu saba na siku saba. Yeyote kati ya mamilioni ya wasemaji wa lugha hii angeweza kulisahihisha jina hilo kwa dakika moja, na angeuliza pia mtu mmoja anakuwaje simba saba. Hakuulizwa, kwa sababu jina halikutungwa ili lieleweke kwa anayejua Kiswahili. Lilitungwa ili lisikike kuwa la Kiafrika masikioni mwa asiyejua Kiswahili. Lugha yenye sarufi, kamusi na karne nyingi za ushairi ilichukuliwa kama mtu achukuavyo ushanga sokoni, kwa rangi yake tu. Huo ndio ubaya wa jambo lenyewe. Kosa la sarufi ni dalili yake.

Najua jibu litakalotolewa. Watasema kwamba Harris na Atlas walikubali wenyewe, na mwiba wa kujichoma hauambiwi pole. Watakumbusha kwamba Atlas mwenyewe amepata kueleza hadharani kuwa wakati ule alikuwa katika dhiki kubwa, hana hata makazi, na kwamba anashukuru kwa kupewa kazi ile. Simlaumu Atlas hata kidogo, wala siiondoi shukrani yake. Lakini shukrani ya mwenye njaa haimsafishi aliyepanga chakula kitolewe kwa sharti gani. Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa. Harris na Atlas walikuwa kwao: mmoja Mississippi, mwingine Virginia, wana wa nchi ile kwa vizazi vingi. Wakiwa kwao walitakiwa wajifanye wageni kutoka pori lisilokuwapo ndipo watunzwe. Harris alikatwa miguu yote miwili mwaka 2011 na 2012 kwa ugonjwa wa kisukari, na akafariki mwaka 2020. Katika maisha yake alilalamika waziwazi kwamba malipo yake hayakulingana na ya wenzake waliopambana naye.

Wengine watasema: hayo ni mambo ya ubaguzi wa rangi, si ya utungaji, lau waliohusika wangekuwa Wazungu, kusingekuwa na shida. Basi na tumwangalie Mzungu, tena bingwa. Bret Hart wa Kanada alikuwa na mkanda wa WWF mwaka 1997 alipokuwa akijiandaa kuhamia kampuni pinzani ya WCW. Mkataba wake ulikuwa na sharti la nadra: katika siku zake 30 za mwisho alipewa kauli ya kiasi juu ya jinsi kisa chake kitakavyomalizika. Hart hakukataa kuuachia mkanda. Alikataa kushindwa na Shawn Michaels mbele ya watu wa nchi yake. Wakapatana na mwenye kampuni, Vince McMahon, juu ya mwisho mwingine. Tarehe 9 Novemba 1997, mjini Montreal, Michaels alipomkaba Hart miguu kwa mtindo wa Hart mwenyewe, kengele ililizwa kwa amri ya McMahon ingawa Hart hakusalimu amri. Mwamuzi alikuwa ameagizwa kabla. Hart alimtemea McMahon mate usoni mbele ya kamera.

Hapa ndipo tunapoona udhaifu wa mkataba wa msanii asiyeshika mitambo. Hart alikuwa bingwa, alikuwa maarufu, na alikuwa na sharti lililoandikwa. Vyote hivyo havikufaa kitu mbele ya mtu mwenye kengele, kamera na mwamuzi. Na yaliyofuata yanafundisha zaidi. McMahon hakujificha tena. Alijitokeza ulingoni kama mhusika, tajiri dhalimu anayewaonea wafanyakazi wake, na watazamaji wakajaa kumzomea. Udhalimu halisi uligeuzwa kuwa kisa, na faida ya kisa hicho ikamwendea yule yule aliyeutenda. Mtazamaji aliyemzomea tajiri katika televisheni alikuwa amekwisha kumlipa.

Mwaka na nusu baadaye yalitokea makubwa zaidi katika ukoo huo huo. Owen Hart, mdogo wake Bret, alikuwa amebaki WWF. Alipewa kuigiza mhusika wa kuchekesha aliyeitwa Blue Blazer, shujaa wa bandia mwenye joho na kinyago. Waliopanga waliamua kwamba tarehe 23 Mei 1999, mjini Kansas City, ateremshwe kwa kamba kutoka darini mwa ukumbi, na karibu na ulingo ajifungue na kuanguka kifudifudi ili watu wacheke. Kwa ajili ya kichekesho hicho alifungwa kifungo chepesi cha kufunguka upesi. Kikafunguka angali juu. Alianguka karibu mita 24, akafa akiwa na umri wa miaka 34. Onyesho liliendelea hadi mwisho. Mwaka 2000 kampuni ilikubali kuilipa familia yake kiasi cha dola milioni 18. Watu wakiyakumbuka hayo husema ilikuwa ajali. Naam, ilikuwa ajali ya kamba. Lakini kamba haikujipandisha darini. Palikuwa na mtu aliyefikiri kwamba kicheko cha sekunde tano kinastahili hatari ya mita 24, na mtu huyo siye aliyefungwa kamba.

Kwa nini mwanamieleka hawezi kukataa? Kampuni haimhesabu kuwa mfanyakazi wake. Humhesabu kuwa mkandarasi wa kujitegemea, ingawa humpangia jina la kutumia, mavazi, maneno, siku za kazi, na hata saa ya kushindwa. Kampuni husema hulipia matibabu ya majeraha yapatikanayo ulingoni, na hilo lisikanwe. Lakini chama cha wafanyakazi hakuna. Jesse Ventura, aliyekuwa mwanamieleka na mtangazaji, na baadaye gavana wa Minnesota, ameeleza kwamba mwaka 1986 aliwahimiza wenzake wajiunge katika chama, na kwamba miaka mingi baadaye, katika shauri lake dhidi ya kampuni, aligundua kuwa aliyemchongea kwa McMahon ni Hulk Hogan, steringi mkuu wa wakati ule. Ikiwa ndivyo ilivyokuwa, basi yule aliyetungwa kuwa mtetezi wa wanyonge mbele ya pazia alifanya kazi nyingine nyuma yake.

Liko jibu moja la wapinzani wangu ambalo lina uzito, nami sitalipita. Wanasema kwamba mtungaji hasa ni hadhira, kwa kuwa ndiyo ilipayo. Ni kweli kwamba hadhira ina nguvu. Mwaka 2014 kampuni ilikusudia pambano kuu la WrestleMania liwe baina ya Batista na Randy Orton. Watazamaji walizomea kwa miezi wakimtaka Daniel Bryan, mtu mfupi asiye na umbo linalopendwa na wakubwa, hadi mipango ikabadilishwa, na tarehe 6 Aprili 2014, mjini New Orleans, Bryan akatwaa mkanda.

Mfano wa pili unatugusa sisi Waafrika. Kofi Kingston alizaliwa Ghana. Alipoletwa katika WWE mwaka 2008 aliambiwa awe Mjamaika, akasema kwa lafudhi ya kuigiza hadi mwaka 2009 kampuni ilipoiacha. Alitumika kwa miaka 11 bila kufikiriwa kuwa bingwa mkuu. Mwezi Februari 2019 mwenzake aliumia, naye akawekwa kuziba pengo, na hadhira ikampokea kwa shangwe ambayo waandishi hawakuitazamia. Tarehe 7 Aprili 2019, katika jimbo lile lile la New Jersey, akawa bingwa wa WWE wa kwanza mzaliwa wa Afrika. Hakubeba mkuki. Alitajwa kwao Ghana, na watu wakalia kwa furaha. Hilo lilithibitisha kwamba miaka yote ile wapangaji walipodai kuwa watazamaji wanataka kina Kamala na kina Saba Simba, walikuwa wakieleza mawazo yao wenyewe.

Lakini tusiishie hapo. Tarehe 4 Oktoba mwaka huo huo, katika onyesho la kwanza la kipindi hicho kwenye mtandao mkubwa wa televisheni wa Fox, Kingston aliamriwa kushindwa na Brock Lesnar, na pambano likamalizika kwa sekunde chache, zisizofika kumi. Hadhira ilihitaji miezi kumpandisha, na aliyeketi nyuma ya pazia alihitaji jioni moja kumshusha. Hadhira yaweza kuomba, kupiga kelele, hata kulazimisha mara moja moja. Kauli ya mwisho si yake.

Siku hizi pazia lenyewe linafunguliwa. Mwaka 2025 Netflix ilianza kuonyesha mfululizo uitwao WWE: Unreal, ambao kamera zake zinaingia hadi katika chumba cha waandishi. Wapo watakaosema kwamba sasa siri imekwisha na lawama zimekwisha. Kuonyeshwa jikoni si kupewa mwiko. Mfululizo huo umetengenezwa kwa idhini na ushirikiano wa kampuni yenyewe, na kile kilichokuwa siri ya kulindwa kimekuwa bidhaa ya kuuzwa. Tunaonyeshwa watungaji wakibishana kwa bidii. Hatuonyeshwi mwanamieleka akikataa jina alilopewa na kubaki na kazi yake.

Walimu wana kazi gani katika haya? Kazi yao ni kuacha dharau na kuanza uchunguzi. Mieleka ya televisheni ni mfano mzuri wa kufundishia fasihi na maonyesho kuliko michezo mingi iliyomo vitabuni, kwa kuwa wanafunzi tayari wanaijua fani yake. Wanajua steringi na adui, wanajua usaliti na kisasi, wanajua majigambo. Kilichobaki ni kuwafundisha maswali. Nani amelitunga jina la mhusika huyu, na kwa masikio ya nani? Nani amepewa maneno, na nani amenyimwa? Kicheko hiki kinamwangukia nani? Fedha za kisa hiki zinakwenda kwa nani, na maumivu yake yanabaki kwa nani?

Na maswali hayo yasiulizwe kwa Wamarekani tu. Vichekesho vyetu navyo vina kina Kamala wake. Mara ngapi katika redio na televisheni zetu, na katika michezo ya shuleni mwetu, mtu wa kijijini huletwa jukwaani ili lafudhi yake ichekwe, au kabila fulani hufanywa wezi, wachawi au wajinga, na mwenye kabila lake hakuwapo wakati kisa kilipotungwa? Hatuna haki ya kukasirikia Saba Simba wa mwaka 1990 ikiwa sisi wenyewe, kwa Kiswahili sanifu na kwa nomino iliyotangulia idadi yake, twamtendea jirani yetu yale yale.

Mwanafunzi akiuliza tena kama mieleka ile ni ya kweli, ajibiwe kwamba imetungwa, na kwamba miili ni ya kweli. Kisha aulizwe yeye: aliyetunga ni nani, na mbona hayumo ulingoni?